Makaroni ya Adui

Voi ikifika saa saba mchana mwezi wa pili, hakuna mtu anataka kusimama mbele ya moto akisonga ugali. Mabati yanalia juu ya kichwa, upepo unaotoka Tsavo unaleta vumbi badala ya ubaridi, na hata kuku wamejificha chini ya mkokoteni. Siku kama hiyo unataka chakula cha kupika dakika kumi, ukiache kipoe, ule kikiwa baridi. Ndiyo maana huwa natengeneza saladi ya makaroni. Makaroni, nyanya, tango, kitunguu, hoho, dania, ndimu na mafuta. Basi.

Mara ya kwanza nilipompakulia shangazi yangu, ambaye kwao ni Kasigau, aliliangalia bakuli kwa muda mrefu kama mtu anayesoma barua ya serikali. Kisha akauliza, "Sasa hiki ni chakula cha nani?"

Nikajibu haraka, vile sisi watoto wa mtandao hujibu kila kitu. "Cha Waitaliano, shangazi. Watu wa Mediterania."

Akacheka. "Waitaliano wa Malindi? Hao tunawajua. Sisi tulikuwa Malindi kabla yao. Lakini sisi hatukwenda kuogelea. Tulipelekwa."

Akaanza kula na hakuongeza neno. Mimi ndiye niliyebaki na kijiko mkononi. Tulipelekwa na nani? Lini? Kwa kosa gani? Nimesoma shule miaka yote hiyo, nimekariri vita vya huko Ulaya na majina ya majenerali, na hakuna siku niliyoulizwa kwenye mtihani kilichotokea mlimani Kasigau. Ikabidi nianze kutafuta mwenyewe, na kila nilipotafuta nilijikuta nimerudi kwenye lile bakuli.

*

Tuanze na makaroni yenyewe, kwa sababu hata hapo nilikuwa nimekosea.

Kuna stori maarufu kwamba Marco Polo ndiye aliyepeleka tambi Italia kutoka Uchina. Ni stori tamu lakini si kweli. Polo alirudi kwao mwaka 1295. Zaidi ya miaka 140 kabla ya hapo, mwaka 1154, mwanajiografia Mwislamu aitwaye al-Idrisi alikuwa amemaliza kitabu kikubwa cha dunia kwa ajili ya Mfalme Roger wa Pili huko Palermo, kisiwani Sicily. Ndani yake anautaja mji mdogo wa Trabia, wenye vinu vya maji, ambako watu walitengeneza itriyya. Itriyya ni unga wa ngano uliokandwa, ukakatwa nyuzi, ukakaushwa. Anasema shehena zake zilipakiwa melini na kupelekwa nchi za Waislamu na za Wakristo. Kwa maneno mengine, makaroni yalikuwa bidhaa ya baharini tangu zamani. Yakikauka hayaozi, na kitu kisichooza hupenda safari.

Sasa sikia hili. Katika kitabu hichohicho, al-Idrisi anaitaja Malindi pia. Anawaeleza watu wake kuwa wawindaji wa nchi kavu na baharini, na wenye machimbo ya chuma wanachokiuza. Mtu mmoja, kitabu kimoja, mwaka 1154, anataja makaroni ya Sicily na Malindi ya kwetu. Miji hii miwili ilikuwa kwenye ramani moja kabla ya Mreno yeyote kuzunguka Rasi ya Tumaini Jema.

Na pwani yetu haikungoja Mtaliano aje kuionjesha ngano ya nyuzi. Nenda nyumba yoyote ya Mswahili siku ya Idi na uulize tambi. Utaletewa zimekaangwa, zikapikwa kwa sukari na iliki, pengine tui la nazi na zabibu kavu. Hakuna anayeziita chakula cha kigeni. Ni tambi tu, za bibi, za sikukuu. Kwa hivyo nilipomwambia shangazi "cha Waitaliano," nilikuwa nimewapa Waitaliano kitu ambacho bahari ilikuwa imekigawa kwa wengi.

Lakini shangazi hakuwa akizungumzia ngano. Alikuwa akizungumzia Malindi.

*

Agosti 15, 1914, vita vikiwa na siku chache tu tangu vianze Ulaya, Wajerumani waliokuwa wakitawala Tanganyika walivuka mpaka wakauteka mji wa Taveta. Ukitazama ramani utaelewa shabaha yao. Reli ya kutoka Mombasa kwenda Nairobi na Kisumu inapita Voi. Ukiikata hapo, umewakata Waingereza koo. Basi kwa miezi mingi vikosi vidogo vya Wajerumani na askari wao Waafrika walipenya nyikani, wakitembea usiku, wakibeba baruti za kutega relini.

Waingereza nao wakaanza mwaka 1915 kujenga reli ya kijeshi kutoka Voi kuelekea Maktau na Taveta. Ile reli ya Taveta ambayo wazee wetu waliipanda na ndizi zao za kuuza, ilizaliwa kama silaha. Februari 12, 1916, wanajeshi wa Afrika Kusini wakajaribu kuuteka mlima Salaita karibu na Taveta, wakafukuzwa. Mwezi uliofuata Taveta ikarudi mikononi mwa Waingereza. Hiyo sehemu ipo kwenye vitabu, na watalii huja kuitembelea wakiwa wamevaa kofia za kaki.

Sehemu isiyotembelewa sana ni Kasigau. Mlima Kasigau umesimama peke yake kusini mwa Voi, kama mtu aliyeachwa na basi. Juu una msitu na maji, chini ni nyika kavu inayoelekea mpakani. Ukitaka kuvamia reli, ni mahali pazuri pa kupumzikia na kujaza vibuyu. Mwaka 1915 Wajerumani waliishambulia kambi ya Waingereza iliyokuwa hapo. Waingereza wakatafuta wa kulaumu na wakawapata wenyeji. Walisema Wakasigau ndio waliowaongoza adui. Vijiji vikachomwa. Watu wakakusanywa, wazee kwa watoto, wakahamishwa kwa nguvu hadi Malindi.

Fikiria mtu wa mlimani anayeshushwa hadi joto la pwani, penye malaria asiyoizoea, bila shamba, bila mbegu, bila mbuzi. Wengi walikufa huko. Waliobaki walikaa miaka mingi kabla ya kuruhusiwa kurudi kwao. Askari waliokufa vitani wana makaburi yao Voi na Taveta, mawe meupe yamepangwa mstari, nyasi zinakatwa, majina yamechongwa. Waliokufa uhamishoni hawakuwekewa mawe ya namna hiyo. Wamebaki kwenye neno moja la shangazi: tulipelekwa.

Kosa lao lilikuwa kushukiwa kuwa marafiki wa adui. Nilidhani stori ya namna hiyo hutokea mara moja. Kumbe kwa Wataita ilirudi tena, na safari ya pili adui alikuwa Mtaliano.

*

Mwishoni mwa miaka ya 1930, vijana na wazee wa milima ya Taita waliunda chama, Taita Hills Association. Hawakuwa na bunduki. Walikuwa na barua na malalamiko, na lalamiko kubwa lilikuwa ardhi. Sehemu nzuri za milimani na bondeni zilikuwa zimeingia mikononi mwa walowezi na mashamba makubwa, na mkonge ulikuwa umetandazwa kuanzia Voi na Mwatate hadi Taveta, ambako Ewart Grogan alikuwa na mashamba yake na ile nyumba yake ya kilimani inayoonekana hadi leo. Juu ya hayo serikali ilikuwa na mipango ya kuwahamisha watu. Chama kikasema hapana.

Mwaka 1940 serikali ya kikoloni ikakipiga marufuku, pamoja na chama cha Wakikuyu cha KCA na kile cha Wakamba cha Ukambani. Viongozi wakakamatwa na kuzuiliwa, wakapelekwa mbali huko Kapenguria, mji uleule ambao miaka 12 baadaye ungejulikana dunia nzima kwa kesi ya Kenyatta. Sababu iliyotolewa? Kwamba vyama hivi vilikuwa na mawasiliano na maadui, yaani Waitaliano waliokuwa wameishika Ethiopia na Somalia.

Nilisoma hapo nikacheka peke yangu, kicheko kibaya. Sidhani kuna mzee mmoja wa Wundanyi wakati huo aliyewahi kuonja spageti. Chakula chao kilikuwa kimanga, mihogo au viazi vitamu vilivyopondwa pamoja na maharagwe, na pombe ya miwa, mbangara. Walitaka shamba la kupanda mihogo hiyo. Lakini ukimwita mtu rafiki wa adui, huna haja tena ya kujibu swali lake la shamba. Hilo ndilo lililofanyika 1915, likarudiwa 1940.

Waitaliano wenyewe walikuja Kenya mwaka uliofuata, lakini wakiwa mateka. Februari 25, 1941, vikosi vilivyotoka Kenya, wakiwemo maelfu ya askari Waafrika, viliingia Mogadishu, na Aprili 6 vikaingia Addis Ababa. Makumi ya maelfu ya wafungwa wa Kiitaliano wakaletwa Kenya. Walijenga barabara. Walijenga kile kikanisa kidogo cha mwaka 1942 unachokiona ukiteremka kwenda Mai Mahiu. Watatu kati yao, wakiongozwa na Felice Benuzzi, walitoroka kambi ya Nanyuki Januari 1943 wakiwa na chakula walichokuwa wakikidunduliza kidogo kidogo. Hawakukimbilia uhuru. Walikwenda kuupanda Mlima Kenya, kisha wakarudi kambini wenyewe. Benuzzi akaandika kitabu, na kitabu hicho bado kinasomwa na kupendwa.

Sina kinyongo na Benuzzi. Ni stori nzuri, na mtu mwenye njaa anayepanda mlima kwa hamu ya kuuona tu anastahili heshima yake. Lakini angalia. Adui halisi, aliyekamatwa na bunduki mkononi, tumemkumbuka kwa kanisa na kitabu. Mtaita aliyesingiziwa urafiki na adui huyo huyo, majirani zangu hapa Voi hawajui jina lake. Mimi pia sikulijua hadi nilipokuwa na zaidi ya miaka 20. Kwa hivyo niyaandike hapa mawili: Woresha Kalenge na Jimmy Mwambichi, viongozi wa chama.

*

Basi makaroni yalifikaje mezani kwangu? Njia ni zaidi ya moja. Wasomali walijifunza baasto enzi za Waitaliano, wakaifanya yao kabisa, wakaila na ndizi mbivu pembeni, na leo ukienda Eastleigh hakuna anayekuuliza kama hicho ni chakula cha kikoloni. Lakini njia iliyofika Voi moja kwa moja ni ile ya Malindi.

Miaka ya 1960 Waitaliano walirudi pwani yetu, safari hii na roketi. Karibu na Ngomeni, kaskazini mwa Malindi, walisimamisha majukwaa baharini, na Aprili 26, 1967, setilaiti iitwayo San Marco 2 ikarushwa kutoka hapo. Wahandisi wakaleta familia, familia zikaleta marafiki, marafiki wakajenga nyumba na hoteli. Muda si muda vijana wa ufuoni Malindi wakawa wanaongea Kiitaliano kuliko Kiingereza, na mikahawa ya mjini ikawa inachemsha pasta mchana na jioni.

Mtalii wa Malindi akichoka na bahari anataka kuona ndovu. Gari linatoka asubuhi, linaingia Tsavo Mashariki kwa lango la Sala, linavuka mbuga, linatokea upande wa Voi. Kwenye loji huku anangojwa na meza ndefu ya chakula cha mchana, na kwenye meza hiyo, kati ya mkate na matunda, lazima kuna bakuli la pasta baridi. Anayeitengeneza si Mtaliano. Ni kijana wa Mwatate au Sagalla aliyefundishwa kazi jikoni, anayerudi nyumbani siku ya mapumziko na kumwonyesha dada yake. Hivyo ndivyo mapishi husafiri. Mimi pia nilijifunza kwa mtu aliyejifunza kwa mtu aliyewahi kufanya kazi ya loji.

Kwa hiyo makaroni yamefika Voi kutoka Malindi, kwa kuvuka nyika hiyohiyo ya Tsavo. Wakasigau walitolewa upande huu kwenda Malindi kwa mtutu wa bunduki. Miaka 50 na kitu baadaye, chakula kikaja kinyume, ndani ya gari la watalii.

*

Sasa tupike, maana njaa haingoji historia.

Waitaliano wana kanuni yao: lita 1 ya maji kwa kila gramu 100 za pasta. Kwa pakiti ya gramu 500 hiyo ni lita 5, robo nzima ya mtungi. Mtu aliyetunga kanuni hiyo hakuwahi kuishi mahali ambapo maji ya mfereji huja kwa zamu na mtungi hununuliwa. Na hapa kuna jambo la kuuma. Chemchemi za Mzima, ndani ya Tsavo Magharibi, hutoa maji masafi mchana na usiku, na tangu miaka ya 1950 bomba kubwa limekuwa likiyapeleka Mombasa. Bomba linapita kwetu. Sisi tunaliona likipita. Mbuga zenyewe za Tsavo, zilizotangazwa mwaka 1948, zimechukua takriban asilimia 62 ya kaunti hii. Anayelima kwenye kipande kilichobaki analima akisikiliza kama ndovu wanakuja usiku. Lalamiko la mwaka 1940 lilikuwa ardhi. Ukikaa na wazee leo, kikombe cha kwanza cha chai hakijaisha kabla hujalisikia tena.

Kwa hivyo mimi hutumia maji kidogo. Gramu 250 za makaroni mafupi, lita 1 na nusu ya maji, kijiko kidogo cha chumvi kilichojaa. Koroga mara kwa mara ili yasishikane, kwa sababu maji yakiwa machache wanga huwa mwingi. Onja dakika ya nane. Yakiwa laini nje lakini yana ubishi kidogo katikati, epua. Chuja juu ya sufuria nyingine, usimwage hayo maji. Ni mazito na yana chumvi, yatapikia pojo jioni.

Vitabu vingine husema makaroni ya saladi yaoshwe kwa maji baridi. Huku kwetu hapana. Yatandaze kwenye sinia, nyunyizia kijiko kimoja cha mafuta, geuza kwa mwiko, uyaache yapoe kwa upepo. Hayatashikana.

Wakati yanapoa, kata nyanya 4, tango 1, hoho 1 na kitunguu chekundu 1. Kitunguu kisugue kwa chumvi kwanza kama cha kachumbari ili ukali upungue. Nyanya zangu mara nyingi ni za Taveta, zinazonyweshwa na maji yanayotiririka kutoka Kilimanjaro, na kitunguu mara nyingi kimevuka mpaka kutoka Tanzania. Ni mpaka uleule wa Agosti 1914. Siku hizi unavukwa na magunia ya vitunguu, na hakuna anayekiuliza kitunguu kama ni rafiki wa adui.

Kamulia ndimu 2, weka vijiko 3 vya mafuta. Ukiwa na mafuta ya zeituni, sawa, lakini bei yake unaijua. Ya alizeti yanafaa kabisa. Tia dania nyingi na pilipili manga. Changanya makaroni yakiwa bado na uvuguvugu kidogo, ndipo yanakunywa ndimu. Ukitaka ishibishe, ongeza pojo zilizochemshwa zisipasuke, au mkebe mmoja wa samaki wa jodari. Pojo ni zao letu la nyika, zinavumilia ukame, na ndani ya saladi hii hukaa vizuri kuliko zeituni nyeusi za kwenye chupa. Iache nusu saa kabla ya kula.

*

Shangazi alimaliza bakuli lake siku ile. Akasema imekosa chumvi. Kisha akaniambia mambo mengine machache, vipande vipande, jinsi wazee wanavyosimulia jambo walilosimuliwa wakiwa wadogo: kwamba bibi yake alizaliwa huko Malindi na hakuupenda mwaka mmoja wa maisha yake ya huko, kwamba waliporudi Kasigau watoto walikuwa wakiuogopa mlima kwa sababu hawakuwahi kuona ardhi iliyosimama, kwamba kuna ndugu ambao hawakurudi.

Nilimuuliza kama alishawahi kwenda Malindi kuona mahali walipokaa. Akasema hapana, na nauli ikipatikana huwa na kazi nyingine.

Alipokuwa akiondoka kukimbilia matatu ya Kasigau, ambayo ukiikosa ya mchana unalala Voi, alirudi mlangoni akaomba mkebe wenye kifuniko. Nikamjazia saladi iliyobaki. "Haijawekwa maziwa?" akauliza. Nikamwambia hapana, ni ndimu na mafuta tu, haitaharibika njiani. Akaifunga ndani ya leso, akaiweka juu kabisa ya kikapu ili isipondwe, akaondoka nayo kuelekea mlimani.